Uzi bila picha: filamu ya Mtunya, shuka mbili, na mzee aliyegoma kuifuata klipu

Kamera Kongwe:

Wakuu, habari za jioni. Wakubwa shikamooni.

Mimi ni mpiga video hapa Dodoma. Harusi, sendofu, semina za Mtumba, mahafali ya UDOM, mara mojamoja tangazo la viwanja. Ukiniona Nyerere Square nimekaa na begi jeusi, ujue kikao kimeisha na hela bado. Hiyo ndiyo inayoleta ugali. Ila kwa miaka mitatu nimekuwa na kazi ya pembeni isiyoleta hata mlenda, na mwezi wa saba ndipo nilipoionyesha kwa watu. Naileta hapa kwa sababu kuna jambo lilitokea usiku ule, na mpaka leo sijui nihesabu nimefeli au nimefaulu.

Ni filamu ya Mtunya.

Kwa msio wa huku: Mtunya ndilo jina la njaa kubwa ya Ugogo ya mwaka 1917 mpaka 1920. Shuleni tulisomeshwa Vita Kuu ya Kwanza kama ugomvi wa Mjerumani na Mwingereza, Lettow-Vorbeck, kamanda wa Mjerumani, anakimbizwa toka mto huu mpaka mto ule. Hakuna mwalimu aliyesema majeshi yale yalikuwa yanakula nini. Yalikuwa yanakula kwetu. Mjerumani alikusanya nafaka, akaswaga ng'ombe, akachukua vijana wakawe wapagazi. Julai 1916 Mwingereza akaingia Dodoma, naye akataka nafaka, ng'ombe na vijana. Shambani wakabaki kina mama na wazee. Mvua ikagoma. Halafu ukaja ule ugonjwa wa mafua wa 1918. Waingereza wenyewe walikadiria waliokufa ni 30,000 katika watu 150,000. Yaani kaya ya watu watano, mmoja hayupo.

Mathias Mnyampala, yule wa ngonjera, alizaliwa hukuhuku Dodoma mwaka 1917, Mtunya ndiyo inaanza. Huwa najiuliza mama yake alikuwa anakula nini.

Simu iko asilimia nne. Naendelea baadaye.

Mlenda Mkavu:

Uzi bila picha ni batili. Tupia picha mkuu.

Binti wa Kisasa:

Nimeweka kigoda changu hapa. Bibi yangu wa Mvumi alikuwa akituona tunamwaga chakula anatamka hilo neno tu, Mtunya, basi. Hajawahi kutuelezea. Tulidhani ni jina la jini.

Sina Ubaya:

Ngoja tuone mfadhili ni nani. Hizi mambo za filamu za njaa huwa zina mwenyewe.

Kamera Kongwe:

Nimerudi. Mlenda Mkavu, umenigusa penyewe, maana hilo la picha ndilo lililonitesa miaka miwili ya kwanza.

Picha hakuna. Nilitafuta. Utapata picha za askari wamejipanga, za maofisa na farasi wao, za madaraja yaliyolipuliwa, za reli ya kati. Mgogo wa 1919 amekaa nje ya tembe lake hana kitu, huyo sikumpata. Aliyekuwa na kamera hakuwa na sababu ya kuigeuzia huko.

Sasa mtu wa video akikosa picha anafanyaje? Anadanganya kistaarabu. Nikarusha droni juu ya mibuyu, jua linazama. Nikapiga mchanga wa korongo lililokauka. Nikamchukua jamaa mwenye sauti nzito, sauti ya tangazo la benki, akasoma maelezo niliyoandika mimi. Katikati nikapachika wazee watano niliowarekodi vijijini, kila mmoja sekunde arobaini. Chini yake zeze linalia. Dakika 52, safi kabisa, kama za kwenye runinga.

Nikamwonyesha mama yangu kwenye laptopu. Akaangalia mpaka mwisho, kwa heshima. Kisha akauliza: "Huyu anayeongea ni nani? Na yeye amejuaje?"

Sikuwa na jibu. Yule jamaa ni wa Morogoro, na nilimlipa elfu hamsini.

Mtu wa Mpwapwa:

Hahaha mama kamaliza kila kitu. Endelea mkuu.

Kamera Kongwe:

Nikaiacha ile filamu miezi kadhaa. Kuna rafiki yangu msanii wa jukwaani, alisoma Bagamoyo enzi za Chuo cha Sanaa kabla hakijaitwa TaSUBa. Nikamlalamikia. Akaniambia kitu kimoja: "Toa sauti yote. Bakiza picha. Halafu wenyewe waje wakae mbele yake waseme."

Nikacheka. Ila nikakumbuka utoto wangu Chang'ombe, kwenye vibanda umiza, vile vya kuonyeshea video, tulikuwa tunaangalia Wachina wanapigana na hatuelewi neno, lakini kwa sauti ya Lufufu, yule msimulizi wa filamu kwa Kiswahili, stori inakuwa ya kwetu. Sio kwamba alitafsiri tu. Aliongeza, alitania, alimpa jambazi jina la mtaani. Ukitoka pale unahadithia maneno ya Lufufu, yule Mchina umeshamsahau.

Kwa hiyo nilichofanya: nikaivunja filamu vipande 23. Havina maelezo wala muziki, sauti ya mahali tu: upepo, kengele za ng'ombe, treni. Kila kipande kinaisha na picha iliyotulia ambayo naweza kuiacha ikae muda wowote. Mbele ya shuka wanakaa watu: mzee msimulizi kwenye kigoda, bibi mmoja upande wa kulia, mpiga zeze, na kina mama sita wa kwaya. Mimi niko nyuma ya watazamaji na laptopu na projekta, namwangalia mzee mkono. Akiushusha gotini, naweka kipande kinachofuata.

Watu wa huko nje wana jina la kitu hiki, wanakiita dokumentari ya moja kwa moja, wengine hawana jina. Sam Green, Mmarekani, husimama jukwaani mwenyewe anasimulia huku picha zinapita na bendi inapiga. Mwaka 2018 alifanya hivyo na Kronos Quartet, wale wa fidla. Mwaka huohuo William Kentridge wa Afrika Kusini aliweka onyesho London, kwenye jumba la Tate Modern, la picha, vivuli, waimbaji na wachezaji, na habari yake ilikuwa wapagazi Waafrika wa vita hiihii ninayoisema. Niliposoma hilo nilikaa chini. Babu zetu wamebebeshwa mizigo hapa, wameimbiwa London, na hapa Dodoma hakuna aliyewasha hata tochi.

Sina Ubaya:

Nilijua tu. Kumbe ni kuiga wazungu. Mzungu akichoka na sinema anaweka bendi, na sisi huku tunakimbilia. Kwa nini usimalize filamu yako kama wanaume wengine ukaiweka YouTube?

Jukwaa Tupu:

Sina Ubaya punguza jazba. Kusimama pembeni ya picha na kusimulia hakuna mwenye hatimiliki. Japani enzi za sinema bubu walikuwa na watu wanaitwa benshi, wanasimulia moja kwa moja ukumbini, na watazamaji walikuwa wanamfuata benshi kuliko mwigizaji. Waganda mpaka kesho wana VJ wao, wasimulizi wa filamu za kigeni, na maikrofoni ndani ya kibanda. Na Mnyampala uliyemsikia hapo juu, ngonjera zake zilikuwa nini? Watu wawili wanasimama mbele ya watu wanajibizana hoja kwa vina. Weka shuka nyuma yao, umepata hicho kitu.

Mimi ubishi wangu ni mwingine. Kamera Kongwe, umesema kina mama sita wa kwaya. Kwa nini sio muheme, ile ngoma ya kina mama wa Kigogo? Uko Ugogo, umeacha muheme?

Kamera Kongwe:

Jukwaa Tupu, hilo swali limenigharimu.

Mwanzo nilitaka muheme. Nilishauona kwenye kichwa changu: ngoma zinapigwa, vumbi, shuka nyuma inaonyesha korongo. Nikaenda kwa mama kiongozi wa kikundi, nikamwonyesha klipu, nikamweleza. Akanisikiliza huku anapepeta uwele. Akasema: "Baba, muheme tunapigia wanawali wametoka, tunapigia mavuno, tunapigia wageni wa serikali. Njaa haipigiwi."

Nikajaribu kumbembeleza kwamba ni sanaa tu. Akaendelea kupepeta.

Tukakubaliana hivi: wataimba bila ngoma, nyimbo anazozijua yeye. Ngoma zitakuwepo, ila zitalazwa chini mbele ya shuka, midomo inaangalia watu, mtu asiziguse. Na kweli usiku ule watu walikuwa wanaziangalia zile ngoma kuliko shuka. Mtoto mmoja alisogea kuigonga, bibi yake akamvuta mkono bila kusema neno.

Hicho kitu kingekuwa filamu yangu ningekipata wapi? Mimi nilikuwa naongeza sauti ya muheme kwenye taimlaini na kuishusha desibeli kama rangi ya ukuta.

Binti wa Kisasa:

Kibali ulipata wapi? Maana siku hizi ukiwasha projekta tu unaulizwa.

Kamera Kongwe:

Binti wa Kisasa, raha ya nchi yetu ni kwamba sheria yenyewe ilishaviunganisha zamani: Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza, namba 4 ya mwaka 1976. Nikajiona mjanja, nikaenda ofisi moja (sitaitaja) nikaeleza. Afisa akauliza, hii ni filamu au mchezo? Nikamwambia ni filamu ambayo haijaisha, inamaliziwa palepale mbele ya watu. Akanirudishia karatasi zangu: "Ikiisha uilete."

Nilirudi mara tatu mpaka tukaelewana. Hiyo stori ina uzi wake.

Fundi Mitambo:

Mimi nataka kusikia mitambo. Mwezi wa saba Dodoma kwa upepo ule, shuka ilisimama vipi?

Kamera Kongwe:

Haikusimama mkuu, ilipaa.

Kijiji chenyewe ni upande wa Chamwino, jina naliacha kwa sababu mtakayoiona mbele. Tulifika saa tisa mchana. Shuka mbili nyeupe za kitanda cha sita kwa sita, fundi cherehani wa Majengo alizishona pamoja na kutia kanda pembeni. Tukazifunga kwenye mbuyu upande mmoja na nguzo upande wa pili. Upepo wa kwanza tu shuka ikavimba kama tanga la dau, nguzo ikang'oka. Vijana wakafurahi sana, nadhani kwao lile ndilo lilikuwa onyesho.

Mzee mmoja mfugaji ndiye aliyetufundisha: msifunge chini. Fungeni juu na pembeni, chini iacheni iwe huru, upepo upate njia ya kutokea. Kweli ikatulia. Ila inapumua. Uso wa mtu kwenye shuka unavimba unanywea, kama anahema. Nilitaka kuirekebisha, rafiki yangu wa Bagamoyo akanikataza.

Projekta ni ya kukodi, lumeni 3,000, ya kuonyeshea mafundisho kwenye semina. Kwa nje haifai mpaka giza liingie sawasawa, kwa hiyo hata kama jua limezama saa kumi na mbili na nusu, usiwashe kabla ya saa moja na robo. Jenereta tukaiweka mbali, nyuma ya nyumba ya mwenyekiti, upande upepo unakoelekea, sauti isiturudie.

Fundi Mitambo:

Waya gani mlivuta?

Kamera Kongwe:

Hapo ndipo utanitukana. Ule mwembamba wa eksitensheni, kama mita sitini, umeungwa mara tatu.

Fundi Mitambo:

Nilijua. Umeme unafika umechoka, projekta inazima inawaka, taa ya ndani inakufa. Kwa mita sitini weka nyaya ya milimita 2.5, isiwe na maungio njiani, na uiache imenyooka yote, usiibakize kwenye koili inachemka. Na uweke UPS ndogo, ile betri ya akiba, kwa ajili ya projekta peke yake. Laptopu ina betri, itajitegemea. Projekta ikizimwa ghafla ikiwa ya moto, feni inasimama, taa inaungulia humohumo.

Kamera Kongwe:

Kwa nini hukunipigia simu mwezi wa sita.

Haya, usiku wenyewe.

Watu walianza kuja kabla ya saa moja. Baridi ya mwezi wa saba mnaijua, kila mtu kajifunika, kina mama na vitenge viwili viwili, wazee na yale mablanketi mekundu. Waliketi chini, wengine kwenye madumu. Sikuhesabu. Mpiga zeze alianza bila kuambiwa, kwa sababu vidole vilikuwa vinamganda.

Vipande vya mwanzo vilikwenda vizuri. Korongo. Ghala la mtama tupu, limepigwa kwa ndani, mwanga unaingia kwenye nyufa. Treni ya zamani inapita usiku, na hapo bibi wa kulia akasimulia alichoambiwa na mama yake: kwamba wakati wa vita watu walilikimbia lile dude, sio kwa sababu linaua, ila kwa sababu likisimama linashusha watu wenye daftari. Nafaka ngapi, ng'ombe wangapi, vijana wangapi. Kwenye filamu yangu ya dakika 52 alikuwa amesema "walikuja kuandika." Maneno hayo tu. Pale alisema neno "daftari" mara nne, na kila mara watu wakaguna.

Nilichokigundua mapema ni kwamba mahesabu yangu ya muda hayana kazi. Kipande nilichokipangia dakika moja kilikaa sita, kwa sababu kina mama hawaachi wimbo haujakolea. Mkono wangu uko kwenye kibonyezo, unawasha. Kuna picha ya mfereji mkavu ilikaa pale mpaka nikaanza kuona vitu ambavyo mimi niliyeipiga sikuvijua: kuna nyayo za mbuzi, kuna kandambili moja.

Kipande cha 14 ni mzee mwenyewe. Nilimrekodi mwaka mmoja kabla, ndani ya nyumba yake, mwanga wa dirishani. Kwenye shuka uso wake ni mkubwa kuliko mlango. Anasema habari ya shangazi wa baba yake. Anasema: "Huyo alipotea wakati wa Mtunya." Kipande kinaisha hapo, picha inaganda, na mzee aliye kwenye kigoda anatakiwa aendelee na habari ya wapagazi. Mazoezini alifanya hivyo mara tatu, hakukosea.

Usiku ule akanyamaza.

Nikamwangalia mkono. Uko juu ya fimbo, hashushi. Shuka inapumua, uso wake mkubwa unavimba unanywea nyuma yake. Zeze likaacha. Nikadhani amesahau, nikataka kuruka kipande, rafiki yangu akanishika bega.

Dakika mbili nzima. Kisha mzee akageuka, akauangalia ule uso kwenye shuka, akawageukia watu, akasema kwa Kigogo, na mimi naleta kwa Kiswahili changu: "Huyu hapa nyuma hakusema yote. Siku ile sikujua naongea na nani. Leo nawaona."

Kisha akasema.

Mlenda Mkavu:

Akasema nini???

Mtu wa Mpwapwa:

Mkuu usitukate stimu, endelea.

Kamera Kongwe:

Alichosema sikiandiki hapa. Samahanini sana.

Niwaambie kilichoonekana tu. Alizungumza kama robo saa. Alitaja majina. Kuna familia mbili zilikuwa zimekaa palepale, moja karibu na mbuyu na nyingine upande wa jenereta. Alipotaja jina la pili, mama mmoja mtu mzima upande wa jenereta alijifunika kitenge usoni. Hakuna aliyeondoka. Mzee mwingine akasimama akamjibu, kwa upole, akaongeza kitu. Kisha wakaongea wao kwa wao, na mimi na mitambo yangu tukawa kama watu tuliokuja kwenye msiba wa jirani tumebeba spika.

Uso wake ulikaa kwenye shuka muda wote huo. Sikuuondoa. Vipande tisa vilivyobaki havikuonyeshwa. Petroli ikaisha wakati wanaongea, shuka ikawa nyeusi, na wao wakaendelea.

Sina Ubaya:

Aisee. Nimekaa kimya lakini nipo.

Mlenda Mkavu:

Mkuu weka linki ya video basi. Huwezi kuleta uzi mrefu hivi halafu unabania mwisho. Sisi sio watoto.

Kamera Kongwe:

Mlenda Mkavu, hakuna linki. Nilikuwa nimepanga kamera ya pili ya kurekodi onyesho, nimeikodi kabisa. Kijana aliyekuwa anaishika aliizima mzee alipotaja jina la kwanza. Sikumwagiza. Nilimuuliza njiani tukirudi, akasema "nimeona aibu bosi." Nilikasirika mpaka Ihumwa. Kufika Makole nikamnunulia chipsi.

Jukwaa Tupu:

Mimi nitasema kinyume kidogo, mniwie radhi. Tunaisifia hii hali kirahisi. Mzee amefunua jambo la familia za watu mbele ya kijiji, watoto wapo, kesho asubuhi wanakutana kisimani. Wewe umefunga vyombo umerudi mjini. Filamu ya kawaida ina ubaya wake ila mtu anapewa nafasi ya kuangalia kabla, anasema toa hapa, toa pale. Hapa hakuna wa kutoa. Ulikwenda kuwaona wale watu baadaye?

Kamera Kongwe:

Nilikwenda siku ya nne. Nilichelewa, nakubali, nilikuwa na harusi Jumamosi na nilikuwa naogopa.

Nilianzia kwa yule mama wa kitenge. Nilijiandaa kutukanwa. Alinikaribisha, akaniletea maji, akaniuliza kama nilifika salama usiku ule maana njia ni mbaya. Kuhusu lile jambo alisema neno moja, kwamba wao walikuwa wanalijua upande wao, ila hawakujua kwamba upande wa pili nao wanalijua. Basi. Akanionyesha kuku wake.

Siwezi kusema ndiyo ilikuwa sawa. Swali lako bado linanikaa. Ningeulizwa kabla, nisingejua wa kumwomba ruhusa, kwa sababu hata mzee nadhani hakuwa amepanga.

Nzuguni Moja:

Nimejiunga leo kwa ajili ya huu uzi. Mimi nilikuwepo.

Kwanza, sio mbuyu. Ni mkwaju. Mbuyu uko kwa mwenyekiti.

Pili, hazikuwa dakika mbili. Ilikuwa muda wa mtu kuwasha sigara akaivuta, basi. Wewe ulikuwa na presha ndiyo maana ukaona ndefu.

Tatu, na hili ndilo lililonifanya niandike. Mzee hakusema "leo nawaona". Kigogo chako cha mjini mkuu. Alisema leo nawajua ninyi ni kina nani. Kuona ni kitu kingine, giza lilikuwa limeshaingia, alikuwa haoni mtu. Alikuwa amesikiliza watu wakisalimiana wanapokuja, mbukwenyi, mbukwenyi, akawa anawatambua kwa sauti mmoja mmoja mpaka akamaliza. Mimi nilikaa karibu yake, aliniuliza "na fulani naye amekuja?" Nikamwambia ndiyo, yuko kule kwenye mashine.

Kamera Kongwe:

Nimesoma mara tatu. Shikamoo kama ni mkubwa.

Kumbe alikuwa anahesabu watu wakati mimi napima mwanga.

Binti wa Kisasa:

Sasa mkuu ukionyesha tena, kile kipande cha 14 utafanyaje? Anasema alipotea wakati ameshasema vingine.

Kamera Kongwe:

Ndilo swali ninalolala nalo. Rafiki yangu anasema kibaki vilevile, kila kijiji kikione anasema alipotea, na yeye aamue hapo hapo kama siku hiyo ni ya kunyamaza au ya kusema. Mimi mkono wa mtu wa video unaniwasha nikarekodi upya. Nilimpigia mjukuu wake wiki iliyopita nikamuuliza mzee anaonaje.

Mjukuu akanipigia jana. Mzee anakubali twende kijiji cha pili, baada ya mavuno ya zabibu ya mwezi wa tisa. Kuhusu kipande hana neno. Ila ana sharti moja: safari hii kigoda chake kiwekwe kiubavu, maana hapendi kumpa mgongo yule mzee wa kwenye shuka.

Fundi Mitambo:

Nyaya ninayo, mita mia, haina kiungo. Mafuta juu yako.